Chakula Kisichoshuka

Siku ya kuniaga mlinipa saa ya ukutani, mimi ambaye tangu siku hiyo sina haja ya kujua ni saa ngapi. Nawashukuru hata hivyo. Mlipokuwa mnakata keki, msichana mmoja wa kliniki ya sukari aliniomba niandike yale mambo ya kazi ambayo hayamo vitabuni. Nikacheka, nikamwambia nitaona. Sasa imepita miezi mitatu na mtu ninayeongea naye kila siku ni muuza maziwa, naye ana haraka. Kwa hivyo nimekaa chini niandike. Sitataja vyeo wala mshahara. Vyeo vilichelewa, na mshahara mnaujua.

Nilikuja Thika kutoka Bungoma nikiwa nesi mpya, mkononi sanduku moja la bati. Hospitali yenyewe ilikuwa ndogo: wodi mbili, dirisha la dawa lenye nondo, na benchi refu la mbao nje ya chumba cha wagonjwa wa sukari. Siku ya kwanza nilifika kabla jua halijapanda vizuri nikidhani nimewahi, nikakuta benchi limejaa. Mzee mmoja akanisalimia, "Habari, daktari." Nikamwambia mimi si daktari, ni nesi. Akaitikia, "Sawa, daktari." Nikajua kwamba huku kila aliyevaa koti jeupe ni daktari, hata yule wa kupima uzito. Sikumrekebisha mtu tena mpaka nikastaafu.

Aliyenifundisha kazi ni Sista Mugure, mwenyeji wa Thika, mwanamke mfupi aliyekuwa akivaa viatu vya raba ili wagonjwa wasisikie anakuja. Vyombo vyake vilikuwa vichache. Alikuwa na stethoskopu iliyozungushiwa plasta mahali ilipopasuka, daftari la mistari, na beseni la plastiki. Hakuna aliyeruhusiwa kumwaga matapishi kabla yeye hajayaangalia. Siku moja nilimwaga. Akanifuata mpaka kwenye sinki.

"Barasa, umemwaga nini?"

"Matapishi, sista."

"Ya nini? Uji? Nyama? Damu? Daktari akikuuliza utamwambia umemwaga matapishi?"

Na kila mgonjwa Sista alimuuliza swali lake lile lile, jana ulikula nini, na ilikuwa saa ngapi. Mimi niliona ni umbea wa kuchungulia sufuria za watu. Nilikuwa kijana, nilikuwa na cheti, na nilidhani mashine ndogo ya kupima sukari inajua kila kitu.

Mke wangu Nafula alibaki nyumbani Bungoma na watoto na shamba, kama ilivyokuwa kwa wengi wetu tuliotoka upande huo kuja kufanya kazi viwandani na hospitalini. Nilikodi chumba kimoja Thika. Jioni nilisonga ugali nikala peke yangu redio ikisema habari. Anayedhani ugali wa mtu mmoja ni rahisi kupika hajawahi kuupika, maana ama unabaki ama haukutoshi, na hakuna wa kulaumu. Nilikaa hivyo miaka na miaka. Ninawaambia haya kwa sababu mtu angetarajia kwamba aliyezoea kula peke yake angemtambua mwenzake haraka. Sikumtambua.

Baada ya muda nikapewa kliniki ya sukari, na pamoja nayo mafundisho ya Jumanne asubuhi. Mnajua yalivyo, wagonjwa wameketi kwenye benchi wakisubiri kuitwa, nawe unasimama mbele yao unawaeleza. Niliyapenda mafundisho hayo kuliko kazi nyingine yoyote. Nilikuwa na mdomo, watu walicheka, na kwa saa nzima sikuwa mtu wa chumba kimoja. Nikawaambia wapunguze soda, chai ya sukari na chapati. Nao wale githeri ya mahindi na maharagwe, sukuma wiki, kabeji mbichi, machungwa pamoja na nyuzi zake, kwa sababu makapi hufanya sukari ipande polepole. Kwa wengi hayo ni mafundisho mazuri, msiyatupe.

Ndipo akaja Mama Njeri. Alitoka Gatuanyaga, kule kukavu mashariki ya Thika, ambako yeye na mumewe walifuga mbuzi. Alikuwa na umri wa miaka arobaini na kitu, naye alikuwa akijidunga insulini tangu akiwa msichana wa sekondari. Kitabu chake cha vipimo kilinikasirisha. Mara sukari iko chini kabisa muda mfupi baada ya kula, mara asubuhi iko juu hadi mashine inalalamika. Alikuwa na maneno yaleyale kila alipokuja.

"Daktari, chakula haishuki. Nikikula vijiko tatu nimeshiba. Inakaa tu hapa." Na anagusa chini ya kifua.

Maduka ya dawa yalikuwa yamempa dawa za alsa, yaani vidonda vya tumbo, maana huku kwetu tumbo likiuma ni alsa mpaka ithibitishwe vinginevyo, na hakuna anayethibitisha. Mimi nilikuwa na maelezo yangu. Niliamini kwamba anajidunga halafu hali, kisha anaona haya kusema. Alikuwa ameshazimia mara mbili na kuletwa kwa bodaboda. Alikuwa anakonda. Nikaona dawa yake ni kuambiwa mbele ya watu.

Jumanne moja nilimwambia asimame.

"Huyu mama," nikawaambia wa benchi, "anajidunga insulini halafu hali. Sukari inaanguka, anazimia. Ukimuuliza anasema alikula. Mama Njeri, hicho chakula kilienda wapi?"

"Nilikula, daktari. Haki ya Mungu nilikula."

"Basi kimejificha."

Benchi zima likacheka. Yeye alisimama ameshika mkoba wake kwa mikono miwili, akasubiri nimwambie aketi. Sikumwambia mara moja. Nataka mjue hilo, kwa sababu kila nikiikumbuka siku ile najaribu kujipunguzia, na hilo ndilo lisilopungua. Na kile nilichokisema kwa mzaha kilikuwa ndio ugonjwa wenyewe. Chakula kilikuwa kimejificha kweli.

Jumanne iliyofuata hakuja, wala zilizofuata. Nikamwambia Sista Mugure, ambaye alikuwa amebakisha muda mfupi astaafu, kwamba mgonjwa wangu amesusa.

"Ulimuuliza alikula nini?"

"Nilimuuliza kama alikula."

"Hizo ni maswali mbili, Barasa," akasema, akaenda zake.

Alirudi baada ya miezi minne, amelazwa nyuma ya pikapu ya jirani juu ya magunia. Mumewe, Baba Njeri, alikuwa amemshikilia kichwa kisigonge bati. Sukari ilikuwa chini kiasi kwamba nilipima mara mbili. Tukamwekea glukosi kwenye mshipa, akafumbua macho, halafu akatapika. Nikachukua beseni nikamwage. Sista Mugure akanishika mkono.

"Ona kwanza."

Nikaona. Ilikuwa githeri, mahindi mazima na maharagwe yenye maganda yake, kana kwamba imetoka kwenye sufuria.

"Baba Njeri, hii githeri alikula lini?"

Yule mwanamume akachungulia. "Hiyo ni ya Jumapili, sista. Tulikula tukitoka kanisa."

Siku hiyo ilikuwa Jumanne, adhuhuri. Sista akaweka stethoskopu juu ya tumbo la mgonjwa, akamtikisa taratibu kiunoni, akanipa nisikie. Ndani kulikuwa na sauti ya maji yakigonga huku na huku, kama jerikeni iliyojaa nusu. Mtu aliyekuwa amekunywa uji kidogo tu alfajiri hapaswi kuwa na sauti hiyo adhuhuri. Leo nikifunga macho bado naisikia.

Wenye vyeti vipya mnajua jina lake, gastroparesisi. Wagonjwa wangu waliuita tumbo kulala, nami nikaona jina hilo linatosha. Sukari ikikaa mwilini miaka mingi huharibu neva inayoliamuru tumbo lisage chakula na kukisukuma chini. Tumbo linapokea lakini halipitishi. Insulini nayo haingojei mtu. Unajidunga, unakula, insulini inafanya kazi, na chakula bado kimeketi juu. Sukari inaanguka ilhali umeshiba. Baadaye, insulini ikiwa imeisha nguvu, chakula kinashuka kwa wakati kinaoutaka chenyewe, na sukari inaruka. Kile kitabu chake cha vipimo kilikuwa kinasema ukweli ukurasa kwa ukurasa, nami nilikisoma kama uongo.

Alipopata nguvu nilimuuliza nani alimwambia ale githeri na tumbo lile. Akanitazama bila hasira.

"Si wewe, daktari? Ulisema githeri, kabeji mbichi, machungwa na nyuzi zake. Nikafuata yote. Nikaona inanizidisha, nikasema labda sijakula ya kutosha."

Kwenye benchi lile lote, waliocheka na walionisifu, huenda yeye peke yake ndiye aliyekuwa akinitii. Niliona aibu mpaka nikatoka nje, nikasimama nyuma ya jiko la hospitali nikijifanya natafuta mtungi wa oksijeni.

Daktari wa hospitali alimpeleka Nairobi akaingizwe kamera tumboni, kwanza ihakikishwe hakuna kitu kilichoziba njia. Msiruke hatua hiyo hata siku moja. Kisha akapimwa kwa chakula cha yai kilichotiwa dawa inayoonekana kwenye picha, akapigwa picha saa baada ya saa. Baada ya saa nne sehemu kubwa ya lile yai ilikuwa bado ipo tumboni.

Mengine ni kazi ya sufuria, na hapa ndipo vijana huchoka kueleza. Ugonjwa huu hauponi kwa kidonge. Mgonjwa ale kidogo kidogo, mara tano au sita kwa siku, badala ya sahani mbili kubwa. Chakula kiwe laini: viazi vilivyopondwa, malenge, uji mwepesi, maharagwe yaliyochemshwa sana na kuchujwa maganda, samaki au kuku aliyesagwa. Mafuta yapungue, kwa sababu yanalichelewesha tumbo zaidi. Mahindi mazima, kabeji mbichi na nyuzi za machungwa aachane nazo, maana zinaweza kushikana tumboni zikawa donge. Siku mbaya anywe supu na uji tu. Asilale baada ya kula. Akae wima au atembee mpaka zizini na kurudi. Saa ya kudunga insulini ipangwe upya na daktari, msimpangie nyinyi, na apime sukari mara nyingi zaidi. Ipo dawa ya kulisukuma tumbo, lakini ina madhara yake, uso na mikono inaweza kuanza kucheza yenyewe, kwa hivyo mwambieni akiona hivyo arudi siku hiyohiyo. Na mwulizeni nani anapika.

Swali hilo la mwisho nililipata kwa Baba Njeri. Alikuwa mtu wa maneno machache. Tukiwa tunamsubiri mkewe avae, aliniambia kwamba siku hizi mama yake na mkewe hawasemeshani. Nikamwomba njia ya kufika, na Jumapili nikapanda bodaboda mpaka Gatuanyaga. Nilifika nimekuwa rangi ya barabara.

Mama yake Baba Njeri, ambaye wote walimwita Cucu, alinipokea vizuri na hapo hapo akanipa sahani ya mukimo, viazi vilivyopondwa na mahindi, iliyojaa hadi ukingoni. Kula kwanza, maneno baadaye. Nilikula, nikijua ananipima. Mama Njeri hakuwa nasi. Alikuwa jikoni, chumba cha nje chenye moshi, na nikaambiwa hapo ndipo anakula, wengine wakimaliza.

"Mimi nimelisha huyu tangu aolewe hapa," Cucu akaniambia. "Sasa anaenda kutapika chakula yangu nyuma ya nyumba. Watu wananiuliza, Cucu, unampatia nini? Ngai! Na wengine wanasema ni ule ugonjwa. Mtu akikataa chakula kwangu, si amenikataa?"

Kumbe kila mtu alikuwa na maelezo yake kama mimi. Mama Njeri alikuwa ameacha kwenda kwenye chama cha akina mama, ameacha arusi na matanga, kwa sababu kote huko unajaziwa sahani na watu wanakutazama mdomoni. Alikuwa amehesabiwa kuwa ana kiburi. Nikamweleza Cucu habari ya neva na tumbo kwa Kiswahili changu cha Bungoma, mwanawe akinisaidia kwa Kikuyu. Nilipomaliza akageuka kutazama jikoni.

"Kwa hivyo si mimi?"

"Si wewe, Cucu. Na si yeye."

Akafuta macho kwa leso. Akainuka, akaenda jikoni, akakaa huko kitambo. Alitoka amemshika Mama Njeri mkono, na mkono mwingine amebeba bakuli la mtoto lenye viazi vilivyopondwa na supu. Akamketisha mezani kando yake. "Hii kidogo anaweza, atakulia hapa na sisi," akasema, na mimi nikajikuta nimeshukuru kama niliyepewa kitu changu.

Mama Njeri alinisindikiza mpaka mahali bodaboda iliponingoja.

"Hapa umewaambia, daktari. Na wale wa benchi?"

"Wale?"

"Wale walicheka. Hao ndio nakutana nao soko. Wengine ni wa kanisa yetu. Utawaambia?"

Nikasema nitawaambia.

"Basi nitakuja nisikie."

Alikuja Jumanne hiyo, akaketi katikati. Nami nikafundisha utunzaji wa miguu. Kucha, soksi, viatu visivyobana, nilifundisha miguu kwa saa nzima kama mtu anayefukuzwa. Mama Njeri alisikiliza mpaka mwisho, akachukua dawa zake, akaenda nyumbani. Sijawahi kujiona mdogo namna ile. Usiku wa Jumatatu iliyofuata ugali wangu ulibaki wote.

Jumanne ya pili nilisimama nikawaambia. Nikasema, mnamkumbuka mama huyu niliyemsimamisha hapa, mkacheka kwa sababu mimi nilitaka mcheke. Alisema kweli, na mimi ndiye sikujua kazi yangu. Nikaeleza tumbo kulala ni nini. Nikasema ukishiba kwa vijiko vitatu, ukitapika chakula cha jana au cha juzi, ukiona sukari inaanguka na umekula, njoo useme, hakuna atakayesimamishwa. Nikamgeukia nikamwomba msamaha kwa jina. Hakuna aliyecheka. Mzee mmoja akasema "Asante, daktari," akitazama chini.

Ndipo akainua mkono mama mmoja aliyekuwa akija kutoka Ruiru, mwenyeji wa magharibi kama mimi.

"Daktari, hii ungesema mapema. Jirani yangu, mwanaume wa kuishi peke yake, alikuwa anakuja kliniki hapa. Siku ile ya kucheka alikuwa amekaa huko mwisho. Na yeye alikuwa hivyo hivyo, anakula kidogo anatapika, anaanguka. Nikamwambia sema kwa daktari. Akasema hawezi, atasimamishwa kama yule mama. Akaacha kuja."

"Mwambie aje," nikasema. "Mwambie aje hata kesho."

"Tulimpata kwa nyumba mwezi jana. Alikuwa amekaa siku mbili. Mwili ulirudishwa kwao."

Sijui yule mtu alikufa na nini. Hakuna aliyempima, na sitajifanya ninajua. Najua tu kwamba aliketi mwisho wa benchi na alinisikia. Nikamuuliza yule mama aliitwa nani. Akafikiri, akawatazama wenzake kama watamsaidia.

"Sisi wapangaji kwa ploti tulikuwa tunamwita namba nane. Ya mlango wake."

Aliyeniokoa ni Mama Njeri. "Endelea, daktari," akasema. "Watu wako wanangoja." Nikaendelea. Siku hiyo watatu walibaki nyuma baada ya wengine kuondoka, na mmoja wao alikuwa amebeba ugonjwa huo kimya kwa miaka. Baadaye nilipekua rejista ya Jumanne ile ya kucheka. Wanaume kutoka Ruiru walikuwa watano, na wawili kati yao hawakurudi tena. Nilisoma majina yote mawili nikajaribu kukumbuka nyuso. Sikuukumbuka hata mmoja.

Mama Njeri mnamjua, bado anakuja kwenu. Ana wiki nzuri na wiki za supu. Akisema chakula hakishuki, aminini kwanza, pimeni baadaye. Sista Mugure alistaafu mwaka ule, tukazika stethoskopu yake kwenye kabati la stoo. Nafula alinitangulia miaka minne iliyopita, na nyumba ya Bungoma ina kufuli. Binti yangu alinitafutia nyumba Ruiru, si kule Membley kwa matajiri wenye mageti, ni upande huu wa ghorofa za kukodi, kisha yeye akapata kazi Mombasa. Nilidhani kustaafu ni kupumzika. Ni kukaa mezani ukisikia vijiko vya majirani kupitia ukutani.

Juzi niliweka kijiko chini, nikavaa shati, nikatoka nikabisha mlango wa pili. Mama mmoja kijana akafungua, mtoto mgongoni. Nikamwambia nimekuja tujuane tu, naitwa Barasa, nilikuwa nesi Thika, naishi mlango huu wa jirani. Alinitazama, akatazama mlango wangu, akauliza kama maji yamekatika, maana huku hakuna anayebisha mlango bila shida. Nikamwambia hapana, maji yapo.